Joji Iliyodanganya Chini ya Nusu Tanki

Saa moja na dakika kumi na mbili asubuhi, siku ya Jumatatu, shefu wa garaji alinipa ufunguo wa depo, yaani ghala, na kunionyesha kiti changu. Nilikuwa na miaka ishirini na saba, diploma ya ualimu ambayo haikuwa imenipatia darasa, na mtoto mmoja, Feza, niliyemwacha kwa dada yangu. Kampuni ilichukua mizigo bandarini Kalemie, upande wa Kongo wa Ziwa Tanganyika, na kuipeleka Moba, Pepa, Nyunzu na Manono. Kazi yangu ilikuwa kutunza vipuri vya magari, ambavyo sisi tunaviita piesi: kuvipokea, kuvipanga, na kuvitoa kwa karatasi yenye sahihi.

Shefu yule wa kwanza hakuwa mtu wa maneno mengi. Alichukua kipande cha chuma mezani, akakigeuza mbele ya macho yangu, akaniuliza ni kitu gani. Nikasema sijui. Akasema, "Mama Feza, piesi isiyo na namba haina jina. Na isiyo na jina, usimpe muntu."

Nililichukua neno hilo kama amri. Katalogi za piesi zilikuwa kwa Kifaransa, zenye michoro iliyochambua gari nati kwa nati. Nilizisoma wakati wa chakula cha mchana, na kamusi pembeni. Mwaka wa kwanza nilijua majina. Mwaka wa tatu nilijua kila piesi inashikana na nini. Hakuna aliyenifundisha, na sisemi hivyo kwa kulalamika. Nilikuwa na michoro, nilikuwa na muda, na piesi zenyewe zilikuwa kwenye rafu nyuma yangu.

Baadaye walinipeleka Manono kwa miaka miwili. Kule hatukuwa na fundi umeme hata mmoja. Taa ya lori ikizimika, lori lililala. Nilinunua kwa mchuuzi wa Kigoma multimetri ndogo, kifaa cha kupima umeme, nikaanza na taa, kisha starta, kisha nyaya za tablo, yaani ile sehemu ya mbele ya dereva yenye mishale. Madereva walipoona miguu yangu imetokeza chini ya gari walikuwa wananiuliza kama natafuta pete yangu ya ndoa. Niliwajibu kwamba natafuta akili ya aliyefunga waya ule kwa gundi ya karatasi. Waliacha kuuliza.

Niliporudi Kalemie, shefu wa garaji alikuwa mwingine, wa tatu kwangu. Kwa injini alikuwa bingwa. Alisikia mlio akiwa ng'ambo ya barabara na kukuambia ni silinda ya ngapi. Lakini nyaya zilimchosha. Alizoea kusema kwamba yeye anaamini anachokishika, na umeme ukiushika unakupiga. Kwake mimi nilikuwa mama wa depo, na multimetri yangu ilikuwa mchezo wa mchana.

Sasa nieleze desturi yetu moja, maana bila hiyo hadithi haieleweki. Mazutu, yaani dizeli, ilikuwa inatufikia kwa boti, na boti haikuwa na siku. Kwa hiyo mkurugenzi aliamuru jip ndogo za mjini zisijazwe kamwe. Kila asubuhi jip ilijazwa hadi mshale ufike nusu, ikazunguka bandari, uwanja wa ndege na vijiji vya karibu, na jioni mlinzi wa geti aliandika mshale umesimama wapi. Joji, yaani kile kipimo cha mazutu chenye mshale, ndiyo iliyosema nani mwaminifu na nani mwizi. Madereva, kwa kuwa hakimu wa mahakamani tunamwita juji, walikuwa wanasema wanapita kila jioni mbele ya joji na juji kwa pamoja, na hakuna wakili.

Papa Kisimba alikuwa dereva wa mojawapo ya jip hizo. Alikuwa na miaka kumi na tisa kazini. Ujanani aliendesha lori la ng'ombe kutoka Pepa, na mikono yake ilibaki mikubwa ya usukani wa zamani. Ndani ya wiki tatu jip yake iliingia getini mara tatu mshale ukiwa chini kabisa, kwenye nyekundu, wakati safari ya siku ile haikuweza kula zaidi ya lita kumi. Kwa hesabu ya shefu, kila mara zilikosekana lita karibu thelathini. Jibu likawa moja: Papa Kisimba ananyonya mazutu na kuiuza.

Alijitetea vibaya, kama watu wengi wasemao kweli. Alisema mshale unashuka akiwa barabarani, na mara nyingine unapanda tena peke yake. Shefu akamjibu mbele ya garaji nzima: "Kwa hiyo mwizi anakunyonyea mazutu gari ikitembea, halafu anakurudishia? Huyo si mwizi, Papa Kisimba. Huyo njo malaika." Watu walicheka. Mimi pia nilicheka, na ninaliandika hapa kwa sababu ni kweli.

Shefu hakuwa mtu mbaya. Aliipima joji kwa namna aliyoijua. Alijaza tanki mpaka juu, mshale ukapanda mpaka juu. Akachomoa waya wa tanki, mshale ukashuka mpaka chini. Akaandika kwamba joji ni nzima. Mkurugenzi akaamua Papa Kisimba afukuzwe kwa wizi, na anayefukuzwa kwa wizi hapewi dekonti, yale malipo ya mwisho ya miaka yote ya kazi.

Alhamisi alasiri Papa Kisimba alikuja depo kurudisha vyombo vya gari, maana bila sahihi yangu asingeweza kutoka. Aliweka mezani ufunguo wa magurudumu, kamba ya kuvutia na kriki, yaani jeki. Hakuketi.

"Mama Feza," akasema, "iangalie vizuri hiyo kriki. Wasiseme kesho niliiba nayo."

Nilishika kalamu lakini sikusaini. Nikamwuliza mshale unaanza kushuka ukiwa wapi. Akasema chini kidogo ya nusu, sikuzote pale. Nikamwuliza unaanguka ghafla au polepole. Polepole, akasema, kama mazutu inayokwisha kweli. Nikamwuliza umewahi kushuka tanki likiwa limejaa. Alinitazama kana kwamba nimemtania. "Mama, miye nitaonea wapi tanki lililojaa?"

Nilikwenda moja kwa moja kwa shefu. Akaniambia mimi ni mtu wa rafu, nirudi kwenye rafu. Nikaenda kwa mkurugenzi, jambo ambalo sikuwa nimelifanya hata siku moja, nikaomba jip ile kwa siku mbili. Mkurugenzi alitazama kalenda. "Jumamosi saa sita mchana nasaini barua," akasema. "Kabla ya hapo, gari ni yako."

Ijumaa nilipima kwa mpangilio, na napenda vijana waufuate mpangilio huu hata leo. Kwanza fuzi, na mishale mingine ya tablo: yote ilifanya kazi. Pili nilichomoa waya tankini na kuugusisha kwenye masi, yaani bodi ya gari inayorudisha umeme kwenye betri, nikipitisha katikati balbu ndogo ili tablo isiungue. Mshale ukapanda. Kwa hiyo tablo na waya ni vizima. Tatu nilikwangua masi ya tanki, kwa sababu masi yenye kutu hufanya mshale usome pungufu. Masi ilikuwa safi. Nne nilipima floteri yenyewe. Floteri ni boya dogo linaloelea juu ya mazutu. Lina mkono wa waya, na mkono huo unasugua kipande kilichopakwa kaboni. Boya likishuka, umeme unapita kwa shida zaidi na mshale unashuka. Multimetri ilionyesha omu nne, kipimo sahihi cha tanki lililojaa.

Kila kitu kilikuwa kizima. Shefu alipita, akachungulia namba juu ya bega langu, akasema tu, "Nilikwambia," akaenda kula.

Nilikaa pale kwenye sakafu ya jip muda mrefu. Kilichonifungua macho ni jibu la tatu la Papa Kisimba. Tanki hili lilikuwa limejazwa na shefu, kwa kipimo chake. Katika maisha yote ya jip hii hapa, boya lile lilikuwa limeelea kati ya nusu na theluthi tu, kila siku, kwenda na kurudi, kwenye barabara zetu za mashimo. Kama kaboni imeisha mahali, imeishia hapo. Na shefu alipima juu, akapima na waya ukiwa umechomolewa. Pale katikati hakuna aliyepima. Zaidi ya hayo, asubuhi baada ya kila "wizi" tuliongeza mazutu kwa pampu ya mkono hadi mshale urudi nusu, bila kuhesabu lita, ambazo zingeonyesha kwamba zilizokwisha ni kumi tu. Tulitumia mshale uleule kuthibitisha kosa la mshale. Kosa hilo lilikuwa la garaji nzima, depo ikiwemo.

Jumamosi saa tatu na dakika arobaini niliwaomba mkurugenzi na shefu wasimame mbele ya tablo. Papa Kisimba alikuwa nje ya geti, kwa kuwa hakuruhusiwa tena kuingia. Nilifungua nati ya chini ya tanki na kutoa mazutu kwenye bido, yaani madumu, za lita ishirini. Tanki ni la lita tisini. Bido mbili zilijaa, na mshale ukashuka vizuri hadi juu kidogo ya nusu. Tukaweka ya tatu. Ilipofika katikati, mshale ulianza kwenda chini, taratibu, bila kuruka. Bido ilipojaa, mshale ulikuwa kwenye nyekundu. Nikafunga nati.

"Basi imekwisha," akasema mkurugenzi.

Nikamwambia ndani zimebaki lita thelathini, na nikafungua nati tena. Bido ya nne ilipita nusu, na mshale, polepole vilevile, ukainuka kutoka kwenye nyekundu hadi robo.

Shefu aliinama mpaka pua yake ikakaribia kioo. "Tunatoa," akasema, "na mshale unaongeza."

Nilitenganisha betri, nikasafisha vumbi kuzunguka kifuniko kilicho chini ya kiti cha nyuma, nikatoa floteri. Kwenye kaboni kulikuwa na mahali palipong'aa, urefu wa ukucha, pamesuguliwa mpaka chini. Nilimpa shefu aishike mwenyewe, kwa kuwa yeye anaamini anachokishika, na multimetri ikiwa imeunganishwa. Aliusukuma mkono taratibu. Namba zilipanda vizuri, zikapotea, zikarudi juu zaidi. Alirudia mara tatu.

"Njo hapa," akasema, yaani ndipo hapa, kidole kikiwa pale palipong'aa. "Njo hapa tu."

Kisha alivua kofia, akaiweka floteri ndani yake, akatoka nayo hadi getini. Sikusikia alichomwambia Papa Kisimba. Niliwaona wameinama wote wawili juu ya kofia, na baadaye Papa Kisimba akaingia, akakaa kwenye kiti chake cha dereva, ingawa gari halikuwa na mazutu wala floteri. Saa sita mkurugenzi hakusaini kitu.

Kupata piesi mpya kulichukua majuma mawili. Ya kwanza iliyoletwa kutoka Kigoma ilikuwa na matundu sawasawa ya skrubu, na mtu wa haraka angeifunga. Niliipima juu ya meza: mkono ukiwa chini ilitoa omu chache, ukiwa juu ilitoa nyingi, kinyume cha tablo yetu. Ingetuambia tanki limejaa wakati ni tupu. Niliirudisha. Ya pili ilikuwa sahihi. Niliifunga na mpira mpya wa kuzuia mazutu isivuje, nikakaza skrubu kwa kukatiza, moja huku na nyingine upande wa pili, nikajaza lita kumi kumi nikiandika mshale unapofika. Tangu siku hiyo kila jip ilijazwa mpaka juu mara moja kwa juma, ili mkono wa floteri utembee kote, na mazutu ikahesabiwa kwa bido. Miezi michache baadaye shefu mwenyewe aliomba nihamishiwe garaji. Nilikuwa fundi umeme wa kampuni mpaka nilipostaafu mwaka jana, nikiwa na miaka hamsini na saba, kwa sababu ya macho.

Vijana wa sasa wana mashine ambayo unaichomeka, nayo inakutajia ugonjwa. Ni chombo kizuri, nami nimekitumia. Lakini nacho kinasoma gari jinsi lilivyo wakati ule unapolichomeka. Mkiniuliza nilijifunza nini katika miaka thelathini, nitawaambia mpime kitu katika hali ile ile ambamo kiliharibika, na mumwulize aliyekuwa amekishika. Katika wale tuliofanya kazi na jip ile, Papa Kisimba peke yake ndiye aliyeyaona yote, na tulimwita mwizi.

Aliendesha miaka minne zaidi. Siku ya dekonti yake walihitaji shahidi wa kusaini, akasema anamtaka Mama Feza. Alizihesabu noti mara mbili kwa vidole vile vikubwa, akazisukuma upande wangu nizihesabu mimi pia. Zilitimia: dola elfu mbili mia tatu na themanini.