Siku Niliyompa Dieudonné Ushindi

Mwanangu, siku niliyompa Dieudonné ushindi wa uongo naikumbuka kuliko siku ya harusi yangu, ingawa mke wangu akiniuliza nitakana.

Nilikuwa kijana, mtangazaji wa kwanza wa mbio za magari kwa Kiswahili hapa Stockholm. Usicheke! Redio yetu ya jamii ilikuwa na chumba kimoja tu katika mtaa wa Skärholmen. Kila Jumamosi nilisimama kando ya uwanja wa changarawe, simu mkononi, nikitangaza magari makuukuu yanavyokimbizana na kugongana. Waswidi mbio hizo wanaziita folkrace. Dieudonné, Mrundi wa mtaa wa Norsborg, ndiye pekee wa kwetu aliyeshindana, na gari lake lilikuwa halijawahi kumaliza mbio hata moja.

Mimi utangazaji niliuonja kwa kusikiliza mpira redioni kule Kigoma, ambako mtangazaji asiyetia chumvi hana msikilizaji. Basi siku hiyo Dieudonné alipoachwa nyuma, ulimi ukanitangulia. Nikampitisha gari moja, la pili, la tatu, mpaka nikamvusha mstari akiwa wa kwanza. Kwa kweli alimaliza wa mwisho kabisa. Njiani kurudi nyumbani sikumwambia nilichotangaza.

Tulipofika Norsborg tukakuta ngazi za jengo lao zimejaa watu waliosikiliza redio: ngoma, vigelegele, masufuria ya wali. Dieudonné akawatazama, akanitazama mimi, akasema taratibu, "Mimi nimekuwa wa mwisho." Akaingia chumbani, akafunga mlango.

Mama yake, Mama Spesiose, hakupaza sauti. Alinikalisha jikoni.

"Gari limefika mwisho?"

"Limefika, mama."

"Halikuzimika?"

"Halikuzimika."

Akatikisa kichwa. "Miezi sita mwanangu analala chini ya gari lile akilitengeneza. Leo limefika. Hiyo ndiyo ilikuwa sherehe yetu, na wewe umetunyang'anya. Sasa anasema hapandi tena."

Nililia, sioni haya kukwambia. Jumamosi iliyofuata nilifungua kipindi kwa kukiri uongo wangu, kisha nikazisimulia mbio zile upya, kona kwa kona, jinsi gari lililozoea kufia njiani lilivyofika. Nilikuwa na hakika nitafukuzwa. Simu ya kwanza kuingia ilikuwa ya Mama Spesiose.

"Rudia pale mwisho," akasema. "Yuko hapa, anasikiliza."

Nikarudia. Dieudonné alipanda tena, siku moja akawa wa sita, na Norsborg nzima ikashangilia nafasi hiyo ya sita kwa haki. Mimi nilitangaza miaka kumi, na watu wakisema, "Akisema yeye, ndivyo ilivyokuwa." Najivunia neno hilo kuliko kikombe chochote.

Njia ya mwongo ni fupi, mwanangu, lakini kuna ubaya zaidi ya kukamatwa. Ukimvika mwenzio sifa isiyo yake, unamvua ile aliyoitolea jasho. Mtazame vizuri, hutakosa la kumsifia. Mungu akupe jicho la kuliona jasho la mtu na ulimi wa kulitaja lilivyo. Na siku utakayofika wa mwisho, akujalie mtu wa kusema kwa sauti kwamba umefika.