Mkate Ambao Bibi Hakuujua

Juzi nilikwenda mjini Dodoma kutafuta sabuni, maana tangu kila kitu kiwe ruksa sabuni zimejaa, hilo nashukuru. Muuza kanda alikuwa anapiga mahubiri. Padri kwenye kanda akasema Bwana Yesu hakuifundisha Baba Yetu kwa Kiswahili wala Kilatini, bali kwa Kiaramu, lugha ya nyumbani kwao. Hasira zikanipanda hadi nikasahau sabuni.

Nilikumbuka nilipokuwa mtoto, pale kijijini Zuzu. Alasiri moja bibi yangu, akinukia moshi na mlenda, aliulizwa sala ili abatizwe. Akasema kwa Kigogo chetu, "Utupe leo ugali wetu wa kila siku."

"Mkate, bibi," katekista akasema.

"Huo sijawahi kuuona, mwanangu. Niuombe wa nini?"

Wanawake wakacheka. Katekista akakunja uso, akamwambia arudi mwakani, Mungu hapokei sala iliyoharibiwa. Nami niliamini. Nilidhani Mungu hasikii Kigogo, nikamsihi bibi aache kusali kwa sauti.

Mwakani hakufika. Walimzika nje ya makaburi ya Wakristo, bila msalaba, na mvua ikalisawazisha kaburi. Nikitaka kumwombea, sijui nisimame wapi.