Nondo Aliyemponza Scolastika

Kwa miaka kumi na minane kazi ya Scolastika ilikuwa kuhesabu nondo. Si nondo za ujenzi, kama kaka yake wa Katoro alivyoamini mpaka alipokuja kujionea, bali wale wadudu wanaofanana na vipepeo na wanaofuata taa. Kwenye kituo kidogo cha utafiti wa pamba, nje kidogo ya Mhunze, wilayani Kishapu, kulikuwa na mtego: ndoo yenye taa juu, na ndani yake trei za mayai ambamo nondo hujibanza mpaka kuche. Kila asubuhi alizitoa trei moja moja, akawahesabu wale wanaozaa funza wa vitumba, waharibifu wa pamba, akaandika kwenye daftari, kisha akawaachia. Wakulima walipulizia dawa kwa kufuata hesabu yake.

Asubuhi moja ya Februari alimkuta asiyemjua. Alikuwa mpana kama kiganja cha mtoto, rangi ya majivu, na kila bawa lina doa jeupe mfano wa punje ya wali. Scolastika alimtia kwenye chupa ya dawa ya kuulia wadudu, akamchoma pini, akaandika kikaratasi: tarehe, mahali, jina lake mwenyewe. Siku hiyo alifanya kazi huku akitabasamu peke yake.

Mkuu wa kituo, Dakta Valerian, alituma picha kwa mtaalamu ng'ambo. Jibu lilipokuja alimwita ofisini.

"Mama Vumilia, nondo huyu haishi hapa. Anajulikana Madagaska tu, na huko nako wameonekana wachache mno."

"Mimi nimemkuta kwenye ndoo, Dakta."

"Yule mwanafunzi, Klara, alikuja Januari na sanduku la nondo wa Madagaska. Lilikaa kwenye chumba chako cha wadudu wiki nzima."

"Lilikaa limefungwa."

"Vitu huchanganyika, mama. Saini hapa tuyamalize."

Karatasi ilisema kosa lilitokana na uzembe wa mhudumu. Scolastika aliisoma mara mbili, akairudisha mezani taratibu.

"Nikisaini hii, daftari zangu za miaka yote zitakuwa nini?"

Valerian aliangalia dirishani. 

Kesho yake alipewa ufagio na ndoo ya deki. Funguo za chumba cha wadudu zilichukuliwa, na mtego akakabidhiwa mlinzi, aliyekuwa akihesabu anavyojisikia.

"Mayu, saini tu," mumewe Luka alimwambia wakikamua ng'ombe, akimwita mama kwa Kisukuma. "Huyo ni mdudu."

"Mdudu hajaitwa mzembe, Luka. Nimeitwa mimi."

Lakini mashaka yalimwingia. Akiwa anapiga deki korido alijiuliza kama kweli alimtoa kwenye trei, au mikono ilifanya jambo macho yakiwa kwingine. Ilimchukua wiki tatu kuipata namba ya Klara.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Lile sanduku lako, lilirudi na nondo wangapi?"

Klara alikwenda kuangalia, akapiga simu jioni ile ile. "Wametimia, mama. Sitini na wawili. Na wa doa jeupe sikuwahi kuwa naye. Hata kumwona sijawahi."

Scolastika aliketi kwenye kizingiti, akalia.

Klara alimwandikia Valerian barua. Daktari alimrudishia Scolastika funguo mwenyewe, amesimama mlangoni. "Nisamehe, Mama Vumilia. Tuyasahau." Hata hivyo nondo alikwisha kutumwa ng'ambo na kikaratasi kipya, kwa mwandiko wa Valerian: Madagaska, mkusanyaji hajulikani. Wa huko walisema hawabadilishi kitu mpaka apatikane wa pili. Labda alikuja na mzigo wa mtu, labda amekuwepo Kishapu siku zote. Hakuna aliyejua.

Scolastika akarudi kwenye trei zake, ila hakuwa yule wa zamani. Alihesabu mara tatu kila kundi. Kila Ijumaa Valerian alipita kuhakiki, akisema ni utaratibu mpya. Sokoni mkulima mmoja alimuuliza kwa utani kama hesabu za siku hizi ndizo za kweli, na watu wakacheka. Yeye alinunua nyanya zake akaondoka.

Aprili, siku ya mawingu, aliinua trei ya tatu akamwona. Majivu, doa jeupe. Chupa ya dawa alikuwa nayo mkononi, kizibo kimeshafunguliwa.

 Alijiona tena ofisini, akiulizwa safari hii amemtoa wapi, na Klara akisumbuliwa tena, na karatasi nyingine mezani.  Aliibeba trei mpaka kwenye uzio, akampuliza yule nondo kidogo. Akaruka chini chini juu ya pamba, akapotea.

Kisha aliketi, akaandika kwenye daftari: funza wa vitumba, kumi na mmoja, wageni, hakuna. Katika miaka kumi na minane hakuwahi kuandika lisilo kweli.

Alimwambia Luka tu, wakati wa kula. Luka aliacha tonge hewani.

"Si ndiye uliyekuwa ukimtaka?"

"Ndiye."

"Sasa kwa nini?"

Scolastika alisukuma sahani yake kando. Alinawa mikono, akaenda kuwafungia ng'ombe.