Jina Nililoliacha Nje ya Fomu

Yule bwana wa manunuzi aliigeuza ovaroli yangu nje ndani, akavuta mshono wa kwapa kwa mikono miwili, akavuta tena kwa nguvu zaidi. Mshono haukuachia. Alikuwa wa kampuni ndogo ya kandarasi inayowafanyia kazi wenye machimbo, na ofisi yake ilikuwa kontena lililotobolewa dirisha, kando ya barabara ya vumbi mtu anapotoka Kolwezi.

"Mama, mushono yako ni muzuri," alisema. "Tunatafuta salopeti za batu yetu yote. Leta numero yako ya empo na numero ya mwenye kuandika batu kazi. Ukileta zote mbili, kazi ni yako."

Sikuwa na hata moja. Namba ya kodi nilikuwa nimeisikia kwa wenye maduka makubwa. Ile ya mwajiri hata kuisikia sikuwahi. Nilimwomba nianze kushona huku nikizitafuta.

"Hapana, mama. Bakubwa habatakubali. Nakungojea mpaka Ijumaa ya juma ile ingine. Kisha pale, naita mwengine."

Nilirudi nyumbani kwa miguu, ovaroli nimeikumbatia.

Wakati huo nilikuwa mjane wa miaka minne na watoto watatu. Nilishonea katika chumba cha mbele cha nyumba aliyoijenga marehemu mume wangu, mashine mbili zikitazamana. Kwenye mashine ya pili alikaa mama mmoja wa kutoka kaskazini ya Katanga, mkubwa kwangu kwa miaka ishirini na zaidi, ambaye ndiye aliyenifundisha kukata kitambaa kigumu bila kukiharibu. Yeye aliniita mama, nami nilimwita mama, kama tunavyoitana huku. Bila mikono yake ile ovaroli isingevutwa na mtu mara mbili ikabaki nzima.

Mtaa wetu ulikuwa unakufa. Chini ya nyumba zetu walikuta madini, na kila walipolipua baruti upande wa pili wa ukuta wa mgodi, nyufa zangu ziliongezeka. Nyumba zilikuwa zimepigwa alama nyekundu ya kubomolewa. Majirani walio na karatasi zao sawa walikwisha kuhamishwa; wengine, kama mimi, tuliambiwa tungoje. Wateja walikuwa wameondoka na majirani. Kuna wiki nzima ambayo hakuna mtu aliyegonga mlango ila mama mmoja aliyetaka nimfupishie sketi ya kanisani. Kwa hiyo hizo ovaroli hazikuwa biashara nzuri tu. Zilikuwa njia pekee ya kupata paa jingine kabla tingatinga halijafika.

Jumatatu nilikuwa kwenye ofisi ya kuandikisha biashara kabla haijafunguliwa. Umeme ulikatika mara mbili, na sisi tunaishi karibu na bwawa la Nzilo linalotoa umeme. Ilipofika zamu yangu, karani, kijana mwenye adabu, alijaza fomu kwenye kompyuta huku akiniuliza. Jina. Asili. Nikamwambia babu aliletwa kutoka Kasai kuchimba shaba, lakini mimi nilizaliwa hapahapa, na mama yangu pia. Akaandika Kasai. Kisha akauliza barabara ninayokaa. Nikaitaja. Akaandika, akafuta, akaandika tena.

"Mama, hii avenue haiko mu mashini."

"Haiko namna gani? Mi nimetoka pale asubuyi hii."

"Baliitosha, baliifuta. Batu ya ile fasi balihamishwa yote."

"Mi sijahamishwa. Batoto yangu beko pale sasa hivi."

Alinitazama kwa huruma, na huruma yake ndiyo iliyonitisha. "Enda kwa shefu wa kartie," alisema. "Akupe karatasi ya kusema unaikala pale. Bila adresi, mashini haitoe numero."

Mkuu wa mtaa nilimjua tangu nikiwa msichana. Hakunikaribisha ndani. Alisimama mlangoni akasema ameamriwa asitie sahihi tena kwa mtu yeyote wa barabara yetu, kwa sababu watu wengi walikuja kujibandika huko ili walipwe fidia.

"Tata, mi unanijua," nilisema. "Ulikuja ku kilio ya bwana yangu. Ulikula mu ile nyumba."

"Nakujua, mama. Lakini mukono yangu banaufunga."

Nilipiga magoti kwenye saruji yake. Sijawahi kumpigia mtu magoti, ila kanisani. Aliangalia huku na huku kama watu wanaona, akaniambia niinuke, kisha akafunga mlango taratibu, bila hasira. Nilikaa palepale kwa muda, nikiwaza jinsi ya kuwaeleza watoto kwamba kwa serikali hatukai popote.

Nilirudi kwake mara mbili zaidi wiki hiyo. Mara ya mwisho mkewe alisema amesafiri, nami nilikuwa nikimsikia akikohoa.

Aliyeniokoa ni yule mama tuliyeshona pamoja. Yeye alipanga chumba katika mtaa usiokuwa na alama nyekundu. Alisikiliza habari zangu zote bila kusimamisha mashine, kisha akasema, "Tuandike atelie yetu ya kushona kwangu. Mwenye nyumba ni mukristo, tunasali naye. Nitamuomba mi mwenyewe." Siku mbili alimfuata yule mzee mwenye nyumba. Jumatano ya wiki ya pili aliniletea barua ya kwamba tunashonea pale, yenye sahihi ya mwenye nyumba na muhuri wa mkuu wa mtaa ule, imefungwa ndani ya kitambaa cha kichwa isije ikachafuka. Siku ile ile karani alichapa namba yangu ya kodi. Nilimshika yule mama mkono tukicheka hapo ofisini kama wasichana.

Ilibaki namba ya mwajiri. Hiyo ilitolewa katika ofisi nyingine, ya hifadhi ya wafanyakazi, na ili uipate ulipaswa kuandikisha walau mfanyakazi mmoja, na kadi yake ya uchaguzi, ambayo kwetu ndiyo kitambulisho, iwe mezani. Tulikwenda wote wawili Alhamisi. Yule mama alikuwa amevaa liputa yake mpya ya kitenge. Miaka yote aliyoshona, mjini na kwenye kambi za wachimbaji, hakuwa ameandikwa na mtu yeyote. Alikuwa ameniambia hivyo njiani, akitabasamu.

Mwanamke aliyekaa mezani aliichukua kadi yake, akaielekeza kwenye mwanga wa dirisha. Jasho la miaka lilikuwa limeila. Picha ilikuwa kivuli, jina lilibaki herufi tatu.

"Mama, hii ni karatasi mweupe. Hakuna mutu ndani."

"Mutu njo mi," alisema yule mama.

"Naona. Lakini sina kitu ya kuandika. Utafute karatasi ya kupoteza kadi, kisha upeleke picha, kisha ungojee."

"Nitangojea siku ngapi?"

"Siwezi kukudanganya. Inaweza kuwa miezi."

Ijumaa ilikuwa kesho yake. Tulitoka nje tukasimama kwenye jua. Yule mama alirudisha kadi kwenye pochi yake polepole. Nilijua atakalosema, na nilitamani alitamke upesi ili lisiwe langu.

"Andika mutu mwengine," alisema. "Mi nitashona tu. Si njo ile ile?"

Nilipaswa kusema hapana. Nilipaswa kurudi kwa bwana wa manunuzi na kumwomba siku zaidi. Sikujaribu hata. Nilimpigia simu wifi yangu, mke wa kaka, ambaye hufuata bidhaa Dilolo kwenye mpaka wa Angola, na siku hiyo alikuwa Kolwezi. Hajui kupitisha uzi kwenye sindano. Alikuja na kadi yake safi, akaandikwa mshonaji. Yule mama alitungoja kwenye ngazi muda wote huo, akimshikia wifi yangu mfuko wake.

Ijumaa nilipeleka namba zote mbili. Kazi nikaipata.

Tulishona kwa majuma mengi. Yule mama alikata na kushona zaidi yangu, nami nilimlipa sawa na nilivyojilipa mwenyewe. Hilo naweza kulisema. Lakini siku ya kwenda kuwapima wafanyakazi, askari wa lango la mgodi alikuwa na orodha ya wafanyakazi wangu walioandikwa. Jina la wifi yangu lilikuwamo. La yule mama halikuwamo.

"Huyu ni nani?" aliuliza askari.

Nilifungua mdomo. Nikisema ni mshonaji wangu, uongo wa fomu ungetoka mbele ya watu wa kampuni. Nikasema, "Alinisindikiza tu."

Yule mama hakunitazama. Alikaa juu ya jiwe kando ya barabara, malori ya madini yakimpitia na vumbi lao, mpaka nilipotoka na vipimo mchana. Njiani kurudi tuliongea juu ya vifungo.

Kwa malipo ya kazi hiyo nilipanga nyumba ya vyumba viwili, na mwezi uliofuata tingatinga lilishusha ile yetu ya zamani. Yule mama aliendelea kushona nami, lakini alipunguza maneno. Kisha kifua kikaanza kumsumbua. Mtu aliyeandikwa anapougua, kuna mlango wa kubisha; yeye hakuwa na mlango. Nilimnunulia dawa nilizoweza. Mwisho watoto wake walikuja kumchukua, wakampeleka kwao kaskazini.

Alipokwisha kuondoka ndipo nilipokwenda kurekebisha. Yule yule mwanamke wa mezani alinisikiliza. Kumtoa wifi yangu, alisema, kunahitaji barua, na mtu mwingine wa kushika nafasi yake. Kumwingiza yule mama kunahitaji yeye mwenyewe awepo, na kadi mpya. Kila mwezi bado napeleka pale orodha ya wafanyakazi wangu, na kila mwezi natia sahihi chini ya jina la mtu asiyeshona.

Nilimpigia simu kumweleza. Nilikuwa nimepanga maneno ya kumwomba msamaha, lakini aliyakata katikati.

"Acha, mama. Ulikuwa na batoto."

"Nilisema ulinisindikiza tu."

Nilisikia kuku upande wake, na mtu akitwanga.

"Nilisikia," alisema. "Sikuwa mbali."

Akaniuliza kama mvua imeanza kunyesha Kolwezi. Nikamwambia ndiyo, imeanza.