Nusu Sekunde ya Garo

Kutwa nzima Anoush Terzian alikuwa akihangaika na milipuko kazini, na akirudi nyumbani Glendale hakupata nafuu, kwa sababu mezani alimkuta Garo, mumewe, amenuna.

Anoush ni mhariri wa filamu za mapigano, zile zinazotengenezwa kwa fedha za kufuru. Kazi ya Garo ilikuwa kuanguka. Steringi akirukia lori, anayeruka ni Garo. Steringi akitupwa dirishani, kiuno kinachoumia ni cha Garo. Na aliyemfuta ni mkewe: uso wa Garo ukianza tu kugeukia kamera, Anoush anakata na kuweka uso wa steringi. Wanasema mcheza kwao hutunzwa. Garo alicheza kwao miaka ishirini na sita, akatunzwa bandeji.

Sasa goti lilikuwa limegoma na alikuwa anastaafu.

"Mara moja tu, niache nionekane," alisema. "Wajukuu wamwone babu yao."

"Garo, unataka nifukuzwe?"

"Mke wangu mwenyewe ananikata kama kucha!"

"Basi ungeoa daktari, akushone!"

Asubuhi iliyofuata mwongozaji, Whitlock, alimwambia Anoush mlipuko wa treni urefushwe. Mchana akasema ufupishwe. Jioni akauliza kwa nini umefupishwa. Hapo Anoush akachoka na kila mtu. Aliporudi kwenye kiti chake, akauacha uso wa Garo ukipita, nusu sekunde nzima: mzee mwenye upara anaporomoka kutoka juu ya treni, wakati steringi ana nywele za kufika mabegani. Kisha akasubiri kufukuzwa.

Whitlock akatazama. "Safi, ila moshi uongezwe." Wakubwa wa studio wakatazama, wakagombania rangi ya helikopta. Watu mia nne walioalikwa kuijaribu filamu wakajaza fomu zao, na hakuna hata mmoja aliyetaja upara. Anoush alipaswa kumshukuru Mungu. Badala yake alikasirika zaidi. Hivi watu hawa wana macho ya nini?

Siku filamu ilipoanza kuonyeshwa, familia ilijaza safu nzima. Garo alivaa suti ya harusi ya binti yao, na wajukuu walionywa wasiende chooni. Treni ilipotokea, Anoush alimshika mkono. Uso ukapita. Wajukuu wakaendelea kutafuna bisi.

Garo akamwinamia. "Bado tu? Inakuja wakati gani?"

"Imeshapita, Garo."

"Imepita wapi? Mimi nimemwona steringi tu."

Anoush alitaka kumpigia kelele mbele ya watu wote. Miaka ishirini na sita ya ugomvi, ya kukata na kuficha, ya kumwona mumewe anameza hasira pamoja na kahawa. Kumbe angeweza kuuacha uso wake upite siku zote, na hakuna ambaye angeuona.

"Ulikuwa umependeza," alimwambia.