Mlango Aliouonyesha Mumbua

Kwa miaka kumi na mmoja Mumbua alishona sare za shule kwenye veranda ya ploti moja Kawangware, upande wa kuelekea Riruta Satellite. Alitoka Machakos akiwa mjane, akamwacha binti yake Ndanu kwa nyanya, akaja na cherehani ya kukanyaga na sanduku moja. Hakuwa mtu wa maneno mengi. Akikosea kipimo alifumua na kushona upya kabla mteja hajalalamika.

Ploti ilikuwa na vyumba kumi vya mabati, vitano huku, vitano kule. Mumbua alikaa cha kwanza. Jirani yake wa ukuta alikuwa Okello, Baba Marvin, Mjaluo aliyelinda ghala mjini. Chumba cha mwisho, chenye mlango wa kijani, kilikuwa cha Khamala, Mluhya wa Malava, fundi wa plasta. Khamala hakuwa na mke wala mtoto, ila alikuwa na televisheni kubwa kuliko zote pale, na Jumapili wapangaji walijazana kwake kutazama mpira.

Desemba ya 2007 Khamala alienda kwao kula Krismasi na kupiga kura. Aliaga kila mtu. Alisema atarudi katikati ya Januari.

Kisha matokeo yakatangazwa, na mitaa ikawaka. Jumatano, tarehe mbili Januari, saa nane mchana, vijana kama ishirini waliingia ploti wakiwa na panga na rungu. Walitaka watu wa ziwani na wa magharibi, Wajaluo na Waluhya. Wapangaji wengi walikuwa wamekimbia. Mumbua alibaki kwa sababu siku hizo Mkamba alionekana hana upande. Na Okello alikuwa chini ya kitanda chake, amejikunja nyuma ya gunia la vitambaa.

Mumbua alimjua kijana aliyetangulia. Aliwahi kumshonea suruali ya shule.

"Mathe, yule Mjaluo ako wapi?"

"Alihama jana."

"Tutaangalia nyumba zote. Tunaanza na yako."

Kijana akaweka mguu kwenye kizingiti. Mumbua hakusimama. Mkono wake ulikuwa juu ya gurudumu la cherehani.

"Mnapoteza wakati," alisema. "Nendeni ile ya mwisho, mlango wa kijani. Ni ya Mluhya. Alienda ushago. Iko na TV."

Baadaye kilichomtisha ni jinsi maneno yale yalivyotoka laini, kama anamwelekeza mteja duka la vifungo.

Vijana waligeuka. Walipiga mlango teke. Mlango haukuwa na kufuli nje. Ulikuwa umefungwa kwa ndani. Ukavunjika, na mtu akapiga kelele humo ndani.

Khamala alikuwa amerudi Jumapili alfajiri, kabla barabara hazijafungwa, kwa sababu aliitiwa kazi ya plasta. Aliposikia mambo yameharibika alijifungia, akala mkate na maji siku tatu, akingoja kutulie.

Mumbua alianza kukanyaga cherehani. Hakukuwa na kitambaa chini ya sindano. Alikanyaga tu, haraka, ili zile kelele zisimfikie Okello chini ya kitanda, au zisimfikie yeye. Alikanyaga mpaka wakatoka na televisheni wameibeba kama maiti, wawili mbele, wawili nyuma.

Khamala hakufa. Walimkata vidole vinne vya mkono wa kulia na kumvunja nyonga.

Okello alitoka chini ya kitanda analia. "Umeniokoa, Mama Ndanu." Kisha akatazama nje, akaona damu imefuata mfereji hadi mlangoni pao.

"Ulijua yuko ndani?"

"Sikujua, Baba Marvin. Naapa."

Siku ya tatu Okello aliondoka kwenda kwa ndugu zake. Mumbua alipompigia simu mwezi wa pili, alimsikiliza kidogo, kisha akasema, "Mama Ndanu, usinipigie tena. Nikisikia sauti yako nasikia zile kelele." Akakata.

Khamala alipotoka hospitali alipelekwa kwa dada yake Rosebella, Lindi, ndani ya Kibera. Rosebella aliuza samaki na hangeweza kushinda nyumbani. Mumbua akajitolea. Kila Jumamosi alitembea kutoka Kawangware hadi Lindi na chakula kwenye kikapu. Alimwosha Khamala, alimgeuza, alimlisha ugali kwa mkono wake, alifua shuka alizochafua. Alimtolea vifungo kwenye mashati yote, akaweka vya kubana ambavyo mtu anaweza kufunga kwa mkono mmoja. Khamala alimwita sista. Kanisani walimtaja kwenye mahubiri. "Mkamba anamwosha Mluhya," mchungaji alisema. "Huyu ndiye Msamaria wetu." Watu wakapiga makofi, na Mumbua akainamisha kichwa, nao wakaona huo ni unyenyekevu.

Kitu kimoja kilimla: gambuti, vile viatu virefu vya mpira. Alikumbuka kwamba Jumanne, siku moja kabla vijana hawajaja, akimwaga maji, aliona gambuti za Khamala kando ya mlango wa kijani. Je, zilikuwa pale tangu Krismasi? Au zilikuwa na tope bichi? Wakati mwingine aliziona kavu. Wakati mwingine aliziona zinadondosha maji.

Mwezi wa nane, akiwa anamkata kucha, hakuweza tena.

"Fundi, kuna jambo sijakuambia. Ile siku..."

"Ulisema niko na TV," Khamala alisema.

Mkasi ukamponyoka Mumbua.

"Nyumba za mabati, Mama Ndanu. Nilisikia kila neno. Nilikuwa nimelala sakafuni, nashukuru Mungu kwamba ni wewe unaongea nao. Nikasema, huyo mama atawatoa."

"Miezi yote hii ulijua?"

"Nilijua."

"Na ukaniacha nikuoshe?"

"Nilitaka kuona utaosha mpaka lini." Alimtazama bila hasira, kama fundi anayekagua ukuta uliopinda. "Sasa niambie. Ulijua niko ndani?"

"Sikujua."

Khamala akangoja.

"Niliona gambuti," Mumbua alisema. "Sijui kama nilijua. Nilitaka kumwokoa Okello. Hilo tu ndilo nililotaka."

"Ukaniuza mimi."

"Niliuza TV."

"TV ilikuwa na mwenyewe." Akanyoosha mkono wenye kidole gumba peke yake. "Haya, maliza kucha. Zimebaki za mguu."

Akamaliza. Alipofika mlangoni alisema Jumapili atasimama kanisani aseme yote, mbele ya watu wote.

"Hapana," Khamala alisema. "Ukisema, watalia na wewe, watakuombea, na jioni utalala vizuri. Mimi je? Nitashika mwiko wa plasta na nini? Hautasema. Wala Rosebella hautamwambia. Utabeba. Na Jumamosi uje na omena."

Alikuja na omena, vile visamaki vya ziwani. Alikuja Jumamosi hiyo na zilizofuata, mwaka ukaisha. Makofi ya kanisani hayakupungua. Walimpa hata leso mpya, akaipokea kwa mikono miwili. Kwa Khamala hakukuwa na matusi. Alimwambia tu maji ni baridi, chumvi imezidi, hapa hujasugua. Alipoanza kutembea na gongo, bado alitaka aoshwe miguu.

Machi 2009 kaka zake walikuja kumchukua wampeleke Malava. Mumbua alikunja nguo zake, akafunga mizigo. Majirani wa Lindi walikusanyika uani kumuaga, na Rosebella, machozi yakimtoka, akamshika kaka yake bega.

"Usiende bila kumshukuru Mama Ndanu. Mimi ningeshindwa peke yangu."

Khamala aliegemea gongo lake. Akamgeukia Mumbua, na kwa mara ya kwanza tangu siku ile ya kukatwa kucha akatabasamu.

"Asante, Mama Ndanu," alisema kwa sauti ya kusikika na wote. "Mungu akulipe sawasawa na ulichonifanyia."

"Amina!" Rosebella akaitikia.

"Amina," wakasema majirani, kisha wakamtazama Mumbua, maana ilikuwa zamu yake.

"Amina," alisema Mumbua.