Aliyekula Pilipili ya Damiano

Hildegarda husoma sahani. Kwenye kibanda chake cha chakula huko Magomeni, Kilosa, mteja akishaondoka yeye huinama, akaangalia kilichobakizwa, ndipo aoshe. Anamjua mwenye jino bovu, anamjua aliyekula huku ana mawazo. Wenzake humtania kwamba huo ni umbea tu. Haya, ni umbea, lakini umempeleka mtu kizimbani.

Mdogo wake, Damiano, alikamatwa Jumamosi kwa madai ya kuiba pampu ya kumwagilia, akawekwa mahabusu kwenye kituo kidogo cha polisi nje ya mji. Kila mchana Hildegarda alimpelekea ugali na perege, na pilipili mbuzi moja juu, kwa mazoea ya kazi. Pale kaunta alitakiwa aonje kwanza, akaonja. Jumapili pilipili ilirudi nzima, maana Damiano aliisusa tangu utotoni. Kuanzia Jumatatu bakuli likawa linarudi na kikonyo kitupu, kichwa cha samaki kimetafunwa chote, mifupa na macho.

"Damiano ameanza kula pilipili?" alimuuliza Konstebo Amon, aliyekuwa akimrudishia vyombo.

"Amemaliza vyote, mama. Anasema ahsante."

Alhamisi akaambiwa Damiano amejinyonga usiku wa Jumatano.

Daktari aliyepasua maiti aliandika mengine kabisa: mbavu zimevunjwa, na kifo ni cha Jumatatu. Mkuu wa kituo, Sajenti Oswald, akasema daktari amekosea siku. Mbona marehemu alikuwa akila mpaka Jumatano? Mashahidi wake ni mabakuli matupu.

Hildegarda alilia mpaka sauti ikamkauka. Lakini kilichomkereketa kuliko vyote ni swali moja: basi ile pilipili aliila nani? Kwa miezi miwili akamwekea kila mteja pilipili nzima, ameomba hakuomba, akawa anavizia sahani. Mwalimu mmoja alitokwa na machozi. Fundi baiskeli aliitia mfukoni.

Siku moja mchana akaingia Amon, amevaa kiraia.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Nikupe perege?"

Alikula kimyakimya. Aliposukuma sahani, juu yake palikuwa na kikonyo kitupu, na kichwa cha samaki hakikuonekana. Hildegarda alivuta kigoda akakaa mbele yake.

"Ni wewe uliyekula chakula cha mdogo wangu."

Amon aliutazama mlango, kisha akainamisha kichwa. "Afande aliniamuru nirudishe bakuli tupu, mama. Damiano alikuwa stoo, amefunikwa turubai. Afande ndiye aliyempiga, Jumatatu asubuhi."

"Utayasema hayo mbele ya jaji?"

Amon alivuta maji ya kunawa, akaosha kidole kimoja kimoja.

"Nitasema."

Na kweli alisema, ingawa kazi yake iliishia hapohapo. Oswald alitiwa hatiani kwa kuua, akapandishwa gari la magereza mbele ya watu wote, na Hildegarda alilitazama mpaka likapotea kwenye kona.

Lakini mtu mwenye kudadisi hatosheki. Alimfuata Amon nje ya mahakama.

"Na ile ahsante? Nayo uliamriwa uniambie?"

"Hapana, mama," Amon alijibu. "Ile ilikuwa yangu. Chakula kilikuwa kitamu."